Ua la Mlima Mmoja

Mji wa Kitale umekaa kati ya milima miwili. Magharibi upo Elgon, volkano iliyozimika zamani, wenye hifadhi ya taifa, lango na tiketi. Mashariki ipo safu ya Cherang'any, ambayo wageni wengi huitazama dirishani wakielekea Kapenguria na Lodwar, kisha wakaisahau. Ukiuliza Kitale mahali pa kuona maua ya mlimani, utaelekezwa Elgon. Mimi nilielekea mashariki, kwa kuwa nilikuwa nautafuta mmea ambao Elgon haina, Mlima Kenya hauna, na dunia nzima haina isipokuwa juu ya Cherang'any.

Wataalamu wa mimea huuita Dendrosenecio cheranganiensis. Humu nitauita senesio ya Cherang'any. Ni jamaa ya alizeti na pareto, ingawa anayeuona kwa mara ya kwanza hawezi kuukisia undugu huo, maana wenyewe umejifanya mti: shina nene, majani makavu yasiyotaka kuanguka, na kileleni kichwa kikubwa cha majani mabichi. Mwaka 1937 Arthur Cotton na Ralph Blakelock, wataalamu wa bustani ya Kew huko London, ndio waliouandika rasmi kwenye daftari la sayansi. Katika miaka ya 1970 ukanyang'anywa cheo chake, ukahesabiwa kuwa tawi tu la senesio nyingine ya Afrika Mashariki. Mwaka 1993 Mmarekani Eric Knox aliurudishia hadhi ya kuwa spishi inayojitegemea, yenye jina la mlima wake.

Kabla ya kupanda nilipitia Makumbusho ya Kitale. Yalianzishwa mwaka 1926 na Luteni Kanali Hugh Stoneham, mlowezi aliyekuwa na uchu wa kukusanya wadudu, ndege na vitabu, na mwaka 1974 yakawa sehemu ya Makumbusho ya Taifa. Wengi huenda kutazama nyoka na nyumba za jadi. Mimi nilikaa zaidi nyuma ya majengo, katika kipande cha msitu wa asili chenye vijia vya kutembelea, kwa sababu kinaonyesha Trans Nzoia ilivyokuwa kabla ya jembe. Toka hapo hadi Kachibora, msitu wa namna hiyo huuoni tena.

Unachokiona ni mahindi. Ilikuwa Januari, mavuno yamekwisha, na pande zote mbili za barabara mabua yalikuwa yamelala chini yakingoja trekta. Mahindi ya mwisho yalianikwa juu ya maturubai kando ya lami, watoto wakiyalinda dhidi ya kuku na mbuzi. Kampuni ya Kenya Seed ilianzia Kitale mwaka 1956, na mbegu chotara zilizotokana na utafiti wa mji huu zimewafanya wakulima wa hapa wazitaje mbegu kwa namba: mwanamke mmoja kwenye matatu alimwambia mwenzake kwamba yeye na 614 wametoka mbali, hawezi kuiacha. Ni kaunti inayolisha nchi. Lakini nyanda hizi zilikuwa na wenyewe kabla ya mahindi. Wasengwer, ambao pia huitwa Wacherang'any, waliwinda na kurina asali huku hadi serikali ya kikoloni ilipoyagawa mashamba kwa walowezi na wao wakasukumwa juu, kuelekea msitu ule ule niliokuwa nauendea.

Kachibora ni kituo cha biashara ambapo nyanda zinaishia na milima inaanza kujionyesha. Maduka ya pembejeo yamepangana na vinyozi, wanunuzi wa mahindi na mizani zao, wauza mitumba, na bodaboda wanaokuita kabla hujashuka. Hapa utasalimiwa "Mulembe" na Mbukusu, hatua kumi mbele ukasalimiwa "Chamgei" na Mmarakwet, na biashara yote ikamalizikia kwa Kiswahili. Maharagwe hupimwa kwa gorogoro, viazi kwa gunia, na bei hujadiliwa kwa sauti ambayo mgeni anaweza kuidhania ugomvi.

Katika hoteli niliyokula chapati na madondo, mama mwenye hoteli aliniuliza ninapanda juu kutafuta nini.

"Ni mbao, ndugu yangu, au ni shamba la viazi?"

"Ni ua, mama."

Alicheka hadi wateja wakageuka. "Ua? Ua halina soko hapa."

Nilicheka naye, nikalipa. Maneno yake niliyabeba njia nzima, maana alikuwa amesema waziwazi kile ambacho mipango mingi ya maendeleo inakisema kwa lugha ya ofisi.

Toka Kachibora nilichukua bodaboda kwenda Kapcherop, upande wa Elgeyo Marakwet. Barabara inapanda bila kuficha nia yake. Mahindi yanapungua, majani chai yanatokea, kisha viazi, kabichi na ng'ombe wenye manyoya mazito. Hewa inabadilika ghafla. Kijana aliyenibeba alisimama akavaa jaketi la pili na kunishauri nifunge zipu hadi shingoni. "Huku baridi haina mchezo, mkubwa," akasema. Nyuma yetu Trans Nzoia ilikuwa imetandaa hadi kwenye kivuli cha Elgon, na ungeweza kufuata mabonde ya mito kwa macho, yote yakielekea magharibi.

Safu ya Cherang'any si volkano. Elgon, Mlima Kenya na Kilimanjaro zilijengwa na moto wa ardhini. Cherang'any ni miamba ya kale sana iliyoinuliwa wakati Bonde la Ufa lilipokuwa likipasuka, ndiyo maana upande wa mashariki inakatika kwa ukuta mkali wa Elgeyo na magharibi inashuka polepole hadi Kachibora. Vilele vyake ni vya upole: Nakugen ina takriban mita 3,530, Chemnirot 3,520, Kameleogon 3,500. Ziweke namba hizo akilini, nitazirudia.

Baada ya kupata ruhusa kwa watu wa misitu, nilipelekwa kwa mzee mmoja Mmarakwet aliyelisha ng'ombe juu huko tangu utotoni. Tulianza kupanda alfajiri. Chini tulipita katikati ya mitarakwa na podo, mingine minene kiasi kwamba watu wawili hawawezi kuikumbatia, kisha mianzi, kisha hagenia zenye ndevu za ukungu. Mbega walitupigia kelele toka juu wakatupita. Palikuwa na visiki pia, vipya kwa vya zamani, na mahali pawili tulikuta tanuri za makaa zilizokufa. Mzee hakuzisemea neno. Nilipoanza kuhema aliniambia, "Kijana, punguza mwendo. Hapa juu pumzi ni ya kugawana."

Karibu na mita 3,000 miti iliisha. Mbele yetu palifunguka uwanda wa nyasi ngumu za mashada na vichaka vya erika, wenye vibonde visivyo na kina kirefu. Katika nyayo za ng'ombe palikuwa na barafu nyembamba kama kioo cha taa, na jua lilipoipata iliyeyuka kabla hatujamaliza kunywa chai ya chupa. Olov Hedberg, mtaalamu wa mimea kutoka Uswidi aliyezuru milima ya Afrika Mashariki mwaka 1948, alieleza kwamba kwenye maeneo haya majira mawili, kiangazi na kipupwe, hupishana ndani ya saa 24. Niliyaamini maelezo hayo nikiwa na jaketi kiunoni saa nne asubuhi, ilhali saa kumi na mbili nilikuwa natetemeka.

Tulishuka kwenye kibonde cha tatu au cha nne na mzee akasimama. "Hao," akasema, akitumia neno la watu.

Zilisimama ndani ya kinamasi, nyingine fupi, zikinizidi kidogo tu, nyingine zenye matawi yaliyogawanyika na kugawanyika tena. Majani ya juu yalikuwa mapana, yamejipanga kwa duara. Shina lote lilikuwa limezungukwa na majani makavu ya miaka iliyopita, tabaka juu ya tabaka. Nyingi hazikuwa na ua. Senesio za milimani hazichanui kila mwaka. Hungoja, kisha katika msimu fulani nyingi huchanua pamoja. Lakini mbili au tatu zilikuwa zimetoa mikungu yao, mirefu, yenye vichwa vidogo vingi vya manjano, na nyuki wachache walioamshwa na jua walikuwa kazini. Kando yao zilisimama lobelia, wima kama nguzo.

Nilikaa hapo muda mrefu, nikitazama jinsi mmea huu unavyoishi, na kila kitu nilichokuwa nimesoma kikapata mahali pake. Usiku majani ya juu hujikunja kuelekea ndani na kukifunika kichipukizi cha katikati kisiuawe na jalidi. Asubuhi hujifungua kulipokea jua. Yale makavu yanayoonekana kama uchafu ndiyo yanayolikinga shina, ili maji yaliyo ndani yasigande yakashindwa kupanda pindi jua linapowaka. Katikati ya shina kuna uboho laini unaotunza maji ya akiba. Ua hutokea kileleni. Likishakomaa, ncha hiyo hukoma kurefuka na shina hugawanyika matawi pembeni. Kwa hiyo senesio yenye magawanyiko mengi imekwisha kuchanua mara nyingi, na kwa kuwa hukua taratibu mno, imeona vizazi vya watu. Mzee alinionyesha moja ambayo anasema ilikuwa vile vile alipokuwa mvulana. Sikuwa na sababu ya kubisha.

Swali lililonileta ni kwa nini mmea wenye akili kiasi hiki umebaki mahali padogo hivi. Mbegu zake ni nyepesi, zina vinyoya, na upepo wa Cherang'any hauna uchoyo. Jibu liko chini, kule nilikotoka. Kwa senesio, nyanda za Trans Nzoia ni bahari. Mbegu inayoangukia Kachibora inakutana na joto, magugu na jembe. Ili ihamie, ni lazima iruke hadi mlima mwingine wenye baridi na maji, jambo ambalo hutokea mara moja katika maelfu mengi ya miaka. Mwaka 1995 Knox na mwenzake Jeffrey Palmer walichapisha uchunguzi wa vinasaba vya senesio hizi na kupendekeza kwamba ukoo mzima ulianza Kilimanjaro, pengine chini ya miaka milioni moja iliyopita, ukaruka mlima hadi mlima, na kila ulipotua ukageuka taratibu kuwa kitu cha mahali hapo. Ndiyo maana Elgon ina yake, Mlima Kenya una zake, na Cherang'any ina hii, ambayo nayo ina nususpishi mbili. Moja imepewa jina la Ivan Dale, ofisa wa misitu wa enzi za ukoloni, mmoja wa waandishi wa kitabu mashuhuri cha miti ya Kenya cha mwaka 1961.

Sasa tuzirudie zile namba. Dunia inapopata joto, mimea ya baridi husogea juu. Elgon ina mita 4,321, Mlima Kenya 5,199. Senesio za huko zina ngazi ya kupandia. Cherang'any inakoma mita 3,530. Kutoka kibonde kile hadi kileleni ni mwendo wa mtu mzima kabla ya chakula cha mchana. Baada ya hapo ni mawingu.

Lakini joto la dunia si hatari ya kwanza niliyoiona. Kwenye ukingo wa kinamasi jirani palikuwa na mfereji mpya, umechimbwa wima kwa jembe, ukiyatoa maji upande mmoja. Mbele yake palikuwa na matuta ya viazi. Udongo mweusi wa kinamasi hutoa viazi vizuri miaka michache ya mwanzo, kisha hukauka, hupasuka na kushuka. Mahali pengine nyasi zilikuwa zimechomwa ili zichipue upya kwa ajili ya ng'ombe, na moto ulikuwa umepita kwenye mashina mawili ya senesio ukayavua majani yake makavu. Yalisimama uchi, meusi.

"Hawa watakufa?" nikauliza.

"Baridi itawamaliza," mzee alisema. Kisha akaelekeza fimbo yake kwenye kinamasi kilichobaki. "Watu wa chini wanadhani haya ni matope. Haya ndiyo maji yenu."

Alikuwa sahihi kuliko vitabu vingi. Cherang'any ni moja kati ya minara mitano mikuu ya maji ya Kenya, pamoja na Mlima Kenya, Aberdare, Mau na Elgon. Upande wa mashariki hulisha Kerio, kaskazini hupeleka maji hadi Turkana, na Moiben, uliozibwa kwa bwawa la Chebara, huwanywesha watu wa Eldoret. Magharibi maji hukusanyika kuwa Nzoia, mto wa takriban kilomita 257 unaopita nyanda za Trans Nzoia, ukaporomoka Nabuyole pale Webuye, ukapita Mumias na kufika Budalangi na Ziwa Viktoria. Mvua ya Cherang'any haishuki yote kwa siku moja kwa sababu vinamasi na misitu ya juu huishika na kuitoa kidogo kidogo, hata Januari ambapo mashamba ya chini ni vumbi tupu. Senesio huota hapo hapo. Hupenda mahali penye maji, kwa hiyo popote unapoiona imestawi ni dalili kwamba sponji la mto bado lipo, na popote inapokufa imesimama, anza kuuliza maswali.

Hapo ndipo nilipopata jibu la mama wa Kachibora. Soko la ua hili lipo. Liko Kitale, liko Bungoma, liko kwenye kila bomba na kila kisima kinachotegemea Nzoia. Wateja wake ndio hawajaambiwa wananunua nini.

Ulinzi wa mlima huu nao una doa. Misitu ya serikali ya Cherang'any ina hekta zipatazo 95,000, na kwa miaka mingi njia kuu ya kuilinda imekuwa kuwatoa watu. Katika msitu wa Embobut, serikali ilizipa familia shilingi 400,000 kila moja zihame, na mwanzoni mwa 2014 nyumba za waliobaki, wengi wao Wasengwer, zikachomwa. Januari 2018 Msengwer mmoja aliuawa kwa risasi wakati wa operesheni msituni, na Umoja wa Ulaya ukasimamisha mpango wake wa euro milioni 31 wa kuhifadhi vyanzo vya maji. Wasengwer wanadai kuwa wao ndio waliouweka msitu hai kwa karne nyingi. Serikali inasema si kila aliyekuwa mle ni Msengwer, na kwamba waliolima na kupasua mbao walitoka kila upande. Nilichokiona mimi ni kwamba mtu pekee aliyejua senesio ziko wapi, zilichanua lini na nani amechimba mfereji, alikuwa mchungaji mwenye fimbo. Mpango wowote wa kuulinda mlima usiomhesabu mtu wa namna hiyo utakuwa na macho lakini hautaona.

Na mlima ukiharibika hausubiri kesi. Novemba 2019, baada ya mvua kubwa, miteremko ya upande wa Pokot Magharibi iliporomoka usiku na kuua watu zaidi ya 40. Aprili 2020 Chesegon, chini ya ukuta wa mashariki, ilifunikwa na matope. Mvua ilikuwa nyingi mno, kweli, lakini mteremko uliovuliwa miti hauna cha kujishikia.

Tuliteremka jioni kupitia njia nyingine, kando ya kijito kilichozaliwa kwenye vibonde vile. Juu kilikuwa cheupe. Kilipofika kwenye viazi kilikuwa na rangi ya kahawia, na kilipofika kwenye daraja la kwanza la magari kilikuwa na watoto wakichota maji kwa mitungi ya manjano. Usiku ule nilikula ugali wa wimbi na mursik nyumbani kwa mzee, nikalala chini ya mablanketi mazito nikiisikia baridi ikipapasa mabati.

Kwa anayetaka kwenda: miezi ya ukame, Desemba hadi Februari, ndiyo yenye njia zinazopitika; mvua ikianza, barabara za juu hugeuka utelezi na bodaboda hukataa. Panda na nguo za baridi kali, viatu vya mpira vinavyofika magotini, na ruhusa ya kituo cha misitu. Chukua mwenyeji, umlipe ipasavyo. Usikanyage katikati ya kinamasi, usichume ua, na usivue majani makavu ya shina ili upate picha nzuri.

Kwa asiyeweza kwenda, kuna kazi nyingine. Safu hii imegawanywa kati ya kaunti tatu, Trans Nzoia, Elgeyo Marakwet na Pokot Magharibi, na maji yake yanatumika katika nyingine nyingi, Bungoma ikiwemo. Kuna bajeti za kuchimba visima na kununua matangi kila mwaka. Waulize wawakilishi wako wa wadi ni shilingi ngapi zimetengwa kupima na kuweka alama mipaka ya vinamasi vya juu, kufukia mifereji, na kuwalipa wachungaji na wazee wa Marakwet, Sengwer na Pokot wavichunge. Fedha hizo zikipatikana, senesio ya Cherang'any itajitunza yenyewe, kama ilivyofanya kabla sisi hatujafika. Zisipopatikana, tutaipoteza bila kelele, na kelele zitaanza bomba litakapokauka.